Kopo Hugonga Mlango

Mama Pini hakuwa na haya ya kujisifu. Ukimwambia gauni limekaa vizuri, hakuambii asante kama watu wengine, anakuambia, "Najua." Ukimwambia chai yake tamu, anakuuliza ulitegemea nini. Ndivyo alivyoumbwa: mfupi, mwepesi, mdomo hauna breki, na kola ya gauni imechomekwa pini za kushonea pande zote, hata jina lake halisi likabaki kwenye kitambulisho tu. Na haki ya Mungu, mtu huyu alikuwa na la kujisifia. Taabu ni kwamba lile kubwa kuliko yote alikuwa amekula kiapo asilitaje.

Kila Jumamosi asubuhi watoto wa nchi nzima walikaa mbele ya televisheni kumtazama Kopo. Kopo alikuwa mbwa wa roboti. Kichwa chake kilikuwa kopo la rangi lililokatwa vizuri, macho taa mbili za baiskeli, masikio vichujio vya chai, mwili bati jembamba lililong'arishwa na kuunganishwa kwa vitambaa vya kijivu ili liweze kukunjika. Hakuwa anasema maneno. Alikuwa na mlio wake: "Trrr-wiii?" Mlio ukipanda mwishoni, Kopo anauliza. Ukishuka, ana huzuni. Ukikatika katikati, shika viatu vyako, Kopo ana njama. Watoto waliamini kabisa kwamba ile ni mashine iliyotoka kwa wataalamu, yenye waya na betri na akili yake. Na ndani ya hiyo mashine, akitambaa kwa viganja na magoti, jasho likimchuruzika mpaka kwenye kope, alikuwamo Mama Pini.

Wala hakuajiriwa kwa kazi hiyo. Aliajiriwa kushona. Aliyetakiwa kuingia ndani alikuwa mwanasarakasi, kijana wa misuli, anayeruka huku na huku kama hana mifupa. Siku ya kipindi cha kwanza, kipindi chenyewe kinakwenda hewani moja kwa moja, wakamfunga lile kopo kichwani. Haikupita dakika, jamaa akaanza kupiga kelele: "Nitoeni! Nitoeni nakufa!" Wakamtoa, ametota, akakaa chini akiomba maji. Mtayarishaji wa kipindi, ambaye wafanyakazi walimwita Mzee Shii kwa kuwa neno lake kubwa maishani lilikuwa "shii!", akashika kichwa kwa mikono miwili.

"Wanaume wa siku hizi!" Mama Pini akasema, pini zikiwa mdomoni. "Lete hilo kopo hapa."

Vazi lote alilishona yeye, alikijua kila kishikizo. Jambo moja tu hakulijua, nalo ni kwamba ukiwa ndani ya kile kichwa, upande wa kushoto huoni kitu. Basi Kopo akatambaa kwa madaha kuelekea kwenye mlango wa nyumba ya kuigiza, na mbele ya taifa zima akaugonga kwa paji la uso. Ko! Mtu mwingine angesimama akakimbia kwa aibu. Mama Pini alirudi nyuma taratibu, akageuza kichwa kulia, akautazama ule mlango kama mtu anavyomtazama aliyemkanyaga kwenye foleni, kisha akatoa sauti ambayo yeye mwenyewe hakujua anayo: "Trrr-wiii?" Mtangazaji alicheka mpaka akakaa sakafuni. Siku hiyo simu za studio hazikunyamaza.

Toka hapo Kopo akawa anagonga mlango kila Jumamosi, na watoto nao wakaanza. Mwanafunzi akifika mlangoni mwa darasa lake anagusa fremu kwa paji la uso, ko, anarudi nyuma, anageuza kichwa kulia, ndipo anaingia. Walimu waliadhibu mwanzoni, halafu wakachoka, na mwalimu mmoja wa hesabu akaonekana akifanya vilevile alipodhani yuko peke yake. Wachezaji wa mpira wakifunga bao wanakwenda kugonga nguzo ya goli. Bwana harusi mmoja aligonga mlango wa ukumbi, akapigiwa makofi mengi kuliko alipovishwa pete. Ukimwona mtu amekosea njia akarudi mwenyewe, unamwambia, "Usijali, Kopo hugonga mlango." Yote hayo yalitoka kwenye jicho la kushoto lililokuwa halioni, na mwenye jicho yuko sokoni anabishania bei ya uzi, hakuna anayemjua.

Maana Mzee Shii alikuwa na sheria moja, na kila aliyefanya kazi pale aliiapia. "Siku mtoto mmoja akijua kuna mtu mle ndani," alisema, "Kopo amekufa. Na muuaji ni wewe." Hivyo Mama Pini aliingia studio kwa mlango wa stoo, akavalishwa kichwa mlango ukiwa umefungwa kwa ufunguo, na akitoka pale wafanyakazi wote walimsalimia Kopo. Majina yakipita mwishoni kwenye kioo, yaliandikwa: Kopo, Kopo mwenyewe. Nyumbani aliyejua ni binti yake tu, kwa sababu lazima mtu ajue kwa nini zile sponji za magoti zinafuliwa kila Jumamosi jioni.

Aliyekuwa hajui ni mjukuu.

Mjukuu huyu waliishi naye nyumba moja, na nyumbani aliitwa Bosi, kwa kuwa tangu aanze kusema alianza na amri. Kaa hapa. Lete kile. Zima hiyo. Kila Jumamosi Bosi alijiandalia sehemu yake mbele ya televisheni, akaweka na mto pembeni kwa ajili ya bibi. Na kila Jumamosi bibi alikuwa ameshaondoka.

"Bibi, unakwenda wapi?"

"Kazini, kushona."

"Nguo za nani hizo zisizoisha?"

Mama Pini, mwenye jibu kwa kila mtu, alichukua mkoba wake akatoka. Lakini alikuwa na ujanja wake. Bosi alipong'oka jino la mbele, Jumamosi ile Kopo aliingia ameshika taya, anagugumia, mpaka mtangazaji akamwuliza kama jino linamsumbua. Bosi alipoanguka na baiskeli akabandikwa plasta gotini, Kopo naye akaja na plasta gotini. Bosi alipata wazimu wa furaha. "Kopo ananijua!" aliwatangazia wenzake. "Ananiona kupitia kioo!" Wenzake wakamwita mwongo, akapigana nao, akarudi amechaniwa shati, na bibi akalishona lile shati huku amegeukia ukutani, mabega yakimtikisika kwa kicheko.

Kicheko kilikatika siku moja mezani. Bosi aliweka kijiko chini akasema, bila hasira, kama mtu anayetoa tangazo la ofisi, "Mwakani siangalii tena Kopo. Nimekuwa mkubwa. Na wewe bibi hujawahi kukaa na mimi kumwangalia hata siku moja. Mto wako ni mpya mpaka leo."

Mama Pini akainuka kwenda kuosha vyombo ambavyo vilikuwa safi. Iliuma, bwana. Ilimuuma kuliko magoti.

Na magoti yenyewe yalikuwa yamekwisha kufikia hatua ya kusema. Daktari aliyashika, akayakunja, akasikia yanavyolia, akamwuliza kazi yake ni nini. "Kushona," alisema. Daktari akamwambia labda ashone amekaa. Habari zikamfikia Mzee Shii, na Mzee Shii, ambaye kipindi chake kilikuwa kinakaribia kusherehekea miaka yake mingi hewani kwa kualika watoto studio, akafanya uamuzi: ataletwa mbwa wa roboti wa kweli. Mashine tupu, mota kwenye kila kiungo, anayepanda ngazi na kuinuka mwenyewe akianguka. Watamvika lile kopo kichwani, na hakuna mtoto atakayejua kuwa kuna kilichobadilika.

Aliyekuja na mashine ni Injinia, binti mrefu mwenye miwani na mfuko uliojaa nyaya. Watu wa studio wakakaa mkao wa kuona vita. Walimjua Mama Pini, wakajua atamla huyu mtoto mzima mzima.

"Kwa hiyo wewe ndiye umeniletea mrithi," Mama Pini akaanza.

"Mama, acha nikuambie ukweli," Injinia akasema. "Mimi nilisomea roboti kwa sababu ya Kopo. Utotoni nilivunja redio ya baba nikitafuta ule mlio unatokea wapi. Mara ya kwanza nilikuja hapa nimejiandaa kukutana na mashine ya maisha yangu, nikafunguliwa stoo, nikakuta mama mtu mzima amevua kichwa, anakula mkate. Nilikasirika wiki nzima."

"Na sasa?"

"Sasa nina swali moja tu. Ukigeuza kichwa kulia, unaanza na shingo au bega?"

Mama Pini akamtazama juu mpaka chini. "Bega, mwanangu. Shingo ni ya mbwa mwenye haraka."

Vita ikaishia hapo. Injinia akamfunga mikanda yenye vifaa vidogo kwenye mikono na miguu, akamwambia atambae, na kompyuta ikawa inasoma kila hatua. Kisha ile mashine ikatembea, na Mama Pini akapiga makofi peke yake stoo nzima. "Mwone! Mwone anavyotupa kiuno! Huyo ni mimi, magoti kabla hayajanisaliti." Sauti nayo wakairekodi, ya kuuliza, ya huzuni na ya njama. Kwa kila kitu yule mbwa akawa Kopo halisi. Palibaki jambo moja.

Alikuwa hagongi mlango.

Waliotengeneza mashine ile waliipa macho kifuani ya kupima umbali, na walifunga kabisa uwezekano wa kuparamia kitu, asije akamwumiza mtu. Injinia alijaribu kila njia aliyofundishwa na nyingine ambazo hakufundishwa. Kopo mpya alikwenda kwa madaha mpaka mlangoni, na akibakiza upana wa kiganja, anasimama. Wakamziba macho kwa utepe. Akakaa chini, akakataa kunyanyuka. "Ana adabu kuliko wote tuliomo humu," alisema Mama Pini, "lakini adabu hiyo itatuua."

Ni Injinia aliyekuja na dawa. Mlango wa plastiki angavu, unaopitisha mwanga wote kama haupo. Yale macho ya mbwa yakiuangalia yanaona nyuma yake tu, hayauoni wenyewe. Wakautengeneza, wakaupangusa kwa kitambaa laini, wakamwachia mbwa. Ko! Wakarudia. Ko! Mama Pini na Injinia wakakumbatiana wakarukaruka, na mmoja wao akayajutia magoti yake usiku ule.

Kesho yake Mama Pini akaingia ofisini kwa Mzee Shii bila kubisha hodi. "Nataka viti viwili mbele kabisa siku ya sherehe. Changu na cha mjukuu wangu."

"Utakaa pale kama nani?"

"Kama bibi. Kuna cheo kingine?"

Mzee Shii akafikiri, akaona halina madhara. Jioni Mama Pini akampa Bosi habari. Bosi hakuruka. Alikuwa ameshaahidiwa mambo mengi yasiyotimia.

"Utakaa mwanzo mpaka mwisho?"

"Mwanzo mpaka mwisho."

"Huendi kushona?"

"Siendi."

"Apa."

Mama Pini akaapa, mkono kifuani, na hata mimi ninayekusimulia nakuambia hajawahi kutaka kutimiza neno kama alivyotaka kutimiza lile.

Siku ikafika. Mama Pini alivaa gauni jipya, kola haina pini hata moja, akajihisi yuko uchi. Watoto waliingia studio wamejaa mpaka kwenye ngazi za pembeni. Na kule mbele, hakuna kamba wala mlinzi, ulikuwa umesimama mlango wa Kopo wenyewe, ule wa televisheni, sasa wa plastiki angavu. Sasa wewe mweke mtoto mbele ya mlango ule umwambie akae atulie. Wa kwanza alikwenda kwa aibu, ko, akarudi nyuma, kichwa kulia. Wa pili akafuata. Mara ikawa foleni. Mzee Shii aliinua kidole kutaka kusema neno lake, akakishusha, akasimama anawaangalia watoto wale na macho yamemlowa. Hakuna aliyekuwa na moyo wa kuwazuia.

"Twende na sisi," Bosi akaamuru.

"Mimi mtu mzima, Bosi."

"Twende."

Wakapanga foleni. Bosi akagonga. Mama Pini naye akagonga, akarudi nyuma, bega kwanza, kichwa kikafuata. Bosi alimtazama kwa huruma. "Si hivyo, bibi. Unakosea. Mwangalie Kopo leo ujifunze."

"Sawa, Bosi wangu," alisema Mama Pini, na akaenda kukaa akiwa amejiuma mdomo.

Taa zikawaka, muziki ukapigwa, mtangazaji akakaribisha, na Kopo akaingia. Makelele ya watoto yalitikisa dari. Mama Pini alishika mkono wa kiti. Kwa mara ya kwanza maishani alikuwa anamwona Kopo kwa nje, akiwa hai, na alimwona mzuri mno. Akamtazama Bosi, Bosi amefungua mdomo, pengo la jino limejaa jino jipya nusu. Hivi ndivyo anavyokaa, akawaza. Miaka yote hii alikuwa anakaa hivi.

"Leo anatembea vizuri," Bosi akamnong'oneza. "Siku hizi magoti yalikuwa yanamwuma."

Kopo akauelekea mlango. Watoto wakabana pumzi. Akafika, akabakiza upana wa kiganja, akasimama.

Kwenye kona yake Injinia akabonyeza kitufe cha kumwendesha. Kopo akarudi nyuma, akaenda tena, akasimama palepale. Na hapo Mama Pini akauona ule mlango kwa jicho la fundi. Haukuwa angavu tena. Kutoka chini mpaka kimo cha mtu mzima ulikuwa umejaa alama za mapaji ya nyuso, mafuta na jasho na viganja, moja juu ya nyingine, ukungu mtupu. Watoto wote walikuwa wameugonga, na yeye alikuwa ameugonga. Mbwa mwenye adabu alikuwa anaona ukuta.

"Gonga! Gonga! Gonga!" watoto wakaanza. Kopo akageuka pembeni. Mtangazaji akajaribu mzaha, "Naona leo Kopo ameamka na heshima," hakuna aliyecheka. Sauti za watoto zikapungua moja moja. Msichana mdogo wa nyuma akaanza kulia, akisema Kopo anaumwa. Injinia alikuwa amejaa jasho, miwani imemshuka puani. Na Bosi, ambaye hakuwahi kusema uongo kuhusu Kopo hata alipochaniwa shati, akasema polepole, "Huyu siye."

Mama Pini akasimama.

"Bibi, unakwenda wapi?"

"Nakuja sasa hivi."

"Uliapa."

Neno hilo lilimfuata njia nzima, na bado alikwenda. Maana alijua, na hakuna mwingine mle ndani aliyejua kama yeye, kwamba ikipita dakika nyingine moja, Bosi atatoka pale na Kopo aliyekufa. Akazunguka nyuma ya mandhari, kwenye njia anayoifahamu hata akifumba macho, akapiga magoti kando ya mlango, nyuma ya ukuta wa mbao. Wazo lake lilikuwa dogo tu: kama mbwa hauendei mlango, mlango utamwendea mbwa. Atausukuma kwa vidole umguse puani, ko, mambo yaishe, arudi kitini kwake.

Akasukuma. Kopo akauona mlango unakuja, akarudi nyuma kwa adabu. Akasukuma zaidi. Kopo akarudi zaidi. Watoto wawili watatu wakacheka kwa wasiwasi. Akasukuma mpaka mlango ukafunguka wote, na mkono wake ukawa nje, kisha bega, na ukuta wa kujificha ukawa umekwisha. Ng'ambo ya kamera Mzee Shii alikuwa anapunga mikono yote miwili: rudi, rudi! Siku mtoto mmoja akijua. Mama Pini alimwona vizuri sana. Akamwona na Bosi, amesimama juu ya kiti ili aone, na kiti cha pembeni kikiwa kitupu kama ule mto.

Liwalo na liwe, akasema moyoni.

Akatoka. Kwa viganja na magoti, gauni jipya likiburuzika sakafuni, hakuna sponji, hakuna kopo, sura yake nzima wazi mbele ya kamera. Alitupa kiuno. Alikwenda kwa madaha mpaka kwenye ukingo wa mlango, akaugonga kwa paji la uso. Ko! Akarudi nyuma taratibu. Bega kwanza, kichwa kikafuata kulia. Akautazama ule mlango kama mtu aliyekanyagwa kwenye foleni.

"Trrr-wiii?"

Mama Pini hakuthubutu kuinua macho.

"Huyo ni nani?" mtoto mmoja akauliza.

"Ni mama yake!" akajibu yule msichana aliyekuwa analia, na sauti yake haikuwa na shaka hata kidogo. "Ni mama yake Kopo! Amekuja kumwonyesha!"

"Ee, kweli, mama yake! Si unasikia anavyolia?" Wakakubaliana wote papo hapo, wakapiga makofi. Wala hakufa mtu. Mzee Shii alibaki na mikono hewani, hajui aishushe wapi.

"Si mama yake!" Sauti hiyo waliisikia mpaka waliokuwa nje. Bosi alikuwa bado juu ya kiti. "Ni bibi yangu!"

Ungeweza kuyaona mambo yanavyompitia usoni, moja baada ya jingine. Akashuka kwenye kiti, akaja mpaka mbele, akasimama mbele ya bibi yake aliyekuwa bado amepiga magoti, macho yao yakawa kimo kimoja.

"Jino langu," Bosi akasema. "Ulikuwa wewe."

"Nilikuwa mimi."

"Na plasta?"

"Na plasta."

"Kila Jumamosi?"

"Kila Jumamosi, Bosi wangu. Sijakosa hata moja."

Bosi akavuta kamasi. "Nilipigana," alisema. "Nilisema Kopo ananiona, wakasema mwongo. Kumbe nilikuwa nasema kweli."

Hapo Mama Pini akalia, mbele ya nchi nzima, bila kujificha uso. Bosi alimwacha alie kidogo, kisha akamshika mkono akaanza kuvuta. "Inuka. Uliapa utakaa mpaka mwisho, na bado hakijaisha."

Akamwongoza mpaka kitini, akamkalisha, akamkung'uta vumbi magotini. Kipindi kikaendelea, maana kilikuwa hewani na hakina pa kwenda. Kopo akaja taratibu mpaka mstari wa mbele, akasimama mbele yao wawili, akageuza kichwa kulia, bega kwanza. Sauti haikutoka. Injinia kule kwenye kona alikuwa ameondoa kidole kwenye kitufe cha mlio, amefuta miwani, anamtazama Mama Pini.

Bosi akampiga bibi yake kiwiko cha ubavu.

"Bibi, lia basi. Watu wanasubiri."

"Najua," alisema Mama Pini, akakaa vizuri, akatoa mlio, na watoto wote wakamjibu.